Nyimbo za Kejeli na Sahani za Santuri

Watani wetu wa Kilimanjaro husema kwamba Mpare aliyeibiwa kuku huuza ng'ombe ili apate gharama za kesi. Sisi tuliozaliwa kando ya Ziwa Jipe, chini ya milima ya Ugweno na Usangi, tumeusikia mzaha huo tangu utotoni: safarini, sokoni, na hata arusini. Hatukasiriki, kwa kuwa mtani ana ruhusa yake ya kale, nasi tunayo yetu ya kumjibu. Lakini mgeni asiyejua utani akiyaandika maneno yale kama alivyoyasikia, na kuyapeleka mbali, atakayeyasoma huko ataamini moja kati ya mambo mawili: ama Wapare ni watu wapumbavu, ama jirani zao wanawachukia. Yote mawili si kweli. Maneno yamefika salama, lakini kicheko kimebaki njiani.

Insha hii inahusu safari hiyo ya kicheko. Katika miaka mia na zaidi iliyopita, mashine ya kunasa sauti imechukua nyimbo za mzaha na kejeli kutoka midomoni mwa waimbaji na kuzitia katika sahani, ili zisikiwe na watu wasiowahi kuwaona waimbaji hao. Yafaa tujiulize ni kitu gani kilihifadhiwa na kitu gani kilipotea. Swali hili ni la walimu na wanafunzi hasa, kwa sababu wimbo wa kejeli ni ushahidi wa historia. Na ushahidi ukisomwa nusu, hukumu hupotoka.

Tuanze mbali kidogo, huko Uingereza, ambako jambo hili lilionekana mapema. Wakati wa utawala wa Malkia Victoria, uliomalizika mwaka 1901, miji mikubwa ya nchi ile ilikuwa na majumba ya starehe ambamo watu wa kazi walilipa kiingilio kidogo, wakaketi, wakanywa, na kuwasikiliza waimbaji na wachekeshaji wakipokezana jukwaani. Mmoja wa wachekeshaji waliopendwa mno alikuwa Dan Leno. Jina lake la kuzaliwa lilikuwa George Galvin. Alizaliwa London mwaka 1860, mtoto wa wasanii maskini, akapandishwa jukwaani angali mdogo. Mwaka 1880, mjini Leeds, alishinda mashindano ya kucheza kwa viatu vya mti. Alipokuwa mtu mzima, sifa yake kubwa ilikuwa ni kuiga watu wadogo wa mjini: msimamizi wa duka anayembembeleza mteja, mlinzi wa ngome anayewatembeza wageni, mke aliyelemewa na shida za nyumba. Watu walicheka kwa sababu walijiona wao wenyewe. Mwaka 1901 aliitwa kumchekesha Mfalme Edward wa Saba, aliyekuwa amerithi ufalme karibuni.

Katika miaka hiyo hiyo ya mwanzo wa karne ya ishirini, Leno aliingia katika chumba cha kunasia sauti, akaimba baadhi ya nyimbo zake mbele ya pembe ya bati. Alifariki mwaka 1904, naye hajatimiza miaka arobaini na minne. Sahani zake zipo. Lakini anayezisikiliza leo husikia sauti nyembamba ya mtu anayesema upesi upesi, na mara nyingi hushindwa kuelewa umati ule ulikuwa unacheka nini. Sababu si ngumu kuitambua. Watu wa London walicheka wakitazama macho yake, mabega yake na miguu yake, vitu ambavyo pembe ya bati haikuweza kuvipokea. Tena walimjua yule msimamizi wa duka. Walikuwa wamenunua kwake juzi. Na katika kile chumba hapakuwa na hadhira: mchekeshaji aliimba mbele ya fundi na mashine, bila mtu wa kumcheka wala wa kumjibu.

Mashine yenyewe ilikuwa ya namna gani? Zamani zile mwimbaji alisogea karibu na mdomo wa pembe. Nguvu ya sauti yake ikatikisa utando mwembamba, utando ukatikisa sindano, na sindano ikachora mfereji katika nta. Tangu mwaka 1925 kipaza sauti cha umeme kilianza kuchukua nafasi ya pembe, na sauti zikatoka safi zaidi. Sahani iliyouzwa ilitengenezwa kwa utomvu unaotokana na wadudu wa India, ikazunguka mara 78 kwa dakika, na upande mmoja wake ulichukua wimbo wa dakika kama tatu tu. Ilikuwa nzito, nayo ikianguka ilivunjika kama chungu. Lakini ilikuwa na fadhila moja kubwa: kinanda chake kilizungushwa kwa mkono, wala hakikuhitaji umeme. Kwa hiyo kiliweza kufika popote ambapo mtu aliweza kukibeba. Reli ya kutoka Tanga ilikuwa imekwisha kupita Same na kufika Moshi kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Penye reli paliota maduka, na bidhaa za pwani zikapata njia ya kupanda milimani.

Kwa muda mrefu sahani zilizouzwa katika pwani yetu zilikuwa za nyimbo za Misri, za India na za Ulaya. Kiswahili kilikuwa lugha ya mamilioni ya watu, lakini wenye makampuni hawakuiona kuwa lugha ya kuingia katika santuri. Huko Unguja, chama cha Ikhwani Safaa, kilichoanzishwa mwaka 1905, kiliimba taarabu kwa Kiarabu. Ilikuwa ni burudani ya wanaume, tena wenye nafasi.

Mlango ulifunguliwa na mwanamke ambaye hakuna aliyemtazamia. Siti binti Saad alizaliwa Fumba, katika kisiwa cha Unguja, karibu na mwaka 1880. Wazazi wake walikuwa na asili ya bara, baba Mnyamwezi na mama Mzigua, nao walikuwa watu wa tabaka la chini. Yeye mwenyewe aliitwa Mtumwa, jina lililotangaza hali aliyozaliwa nayo. Hakusomeshwa. Alifanya kazi ya kutembeza vyungu, akiita wateja kwa sauti yake, na sauti hiyo ikawa inatangulia vyungu njiani. Mwaka 1911 alihamia mjini, akajifunza kuimba kwa ufundi wa taarabu, na baadaye akawa na kundi la wapigaji na waimbaji ambao majina yao yanastahili kukumbukwa pamoja na lake: Subeit Ambar, Mwalim Shaban, Budda Swedi na Mbaruk Talsam.

Mwezi Machi mwaka 1928, Siti na wenzake walisafiri mpaka Bombay, wakanasa nyimbo zao kwa kampuni ya Kiingereza yenye picha ya mbwa anayesikiliza santuri. Nyimbo zikatoka kwa Kiswahili. Sahani zikauzika, safari zikarudiwa, na makampuni mengine ya Ulaya yakaona kwamba huku nako kuna watu wa kununua. Mtu aliyekuwa akiuza vyungu akawa sauti ya kwanza ya mwanamke wa Kiswahili kusikika nyumba kwa nyumba, katika miji ambayo hakuikanyaga.

Sasa tuitazame kejeli, maana hapa ndipo penye kiini cha hoja yetu. Kejeli ilimjia Siti kabla hajaitumia. Mwanamke aliyetoka shamba na kupanda daraja haraka hivyo aliwachoma wengi, na wenye husuda wakamtungia wimbo wa kumcheka kwamba alikuja mjini na nguo ya kaniki, na kwamba kama si sauti yake hana kitu. Huo ulikuwa ni mzaha wa aliye juu akimcheka aliye chini. Na aliyechekwa akijaribu kupanda, mzaha hugeuka kuwa fimbo ya kumrudisha mahali pake. Siti hakulia wala hakushtaki. Alijibu kwa wimbo, akasema kwa maana kwamba sura na ukoo havimfai mtu aliyepungukiwa na busara. Wimbo ule umeishi kuliko wale waliousababisha.

Baada ya hapo yeye na kundi lake waliielekeza kejeli upande mwingine. Nyumba yake ya Ng'ambo, upande wa mji walikokaa watu wa kazi, ilikuwa mahali pa kukutana usiku. Habari za mji zilifika pale: za sokoni, za mahakamani, za ofisini. Zikageuzwa nyimbo. Upo wimbo unaomhusu karani aliyetumia kalamu yake kuwaibia wasiojua kusoma, naye akaishia gerezani. Fikiri, ndugu msomaji, wimbo huo ulikuwa na utamu gani kwa mwanamke aliyewahi kutia dole gumba katika karatasi asiyoijua! Karani katika dola la kikoloni alikuwa mtu wa kuogopwa. Siku moja katika wimbo alikuwa mtu wa kuchekwa, na aliyeongoza kicheko alikuwa mwanamke asiyesoma.

Wimbo ulio mashuhuri zaidi ni ule wa Kijiti. Unasimulia habari za mwanamke mgeni aliyetoka bara kwenda Unguja, akatolewa kwenda ngomani, akauawa na mwanamume aliyeitwa Kijiti. Muuaji alivuka bahari akakimbilia bara. Wanawake waliokuwa pamoja na marehemu, ambao walikuwa mashahidi, ndio waliofungwa. Wimbo unastaajabia hukumu hiyo, na katika mshangao wake imo kejeli kali kwa mahakama. Kicheko cha wimbo huu ni kichungu, kama kicheko cha mtu aliyeona mwizi akiachwa na aliyepiga kelele akikamatwa. Watu wa Ng'ambo hawakuwa na gazeti lao, hawakuwa na wakili, wala hawakuwa na kiti katika baraza la kutunga sheria. Walikuwa na wimbo. Kesi iliyokwisha mahakamani ilisikilizwa upya nyumbani kwa Siti; kisha, kwa njia ya santuri, ikasikilizwa pwani nzima. Hata hivyo, mwalimu na awatahadharishe wanafunzi wake: wimbo si jalada la mahakama. Hauwezi kututhibitishia kila tendo lililotendeka usiku ule. Unachotuthibitishia ni jinsi watu walivyoipokea hukumu, na hilo jalada la mahakama haliwezi kutwambia.

Hapa tunarudi kwenye swali letu. Kijana wa leo akiusikia wimbo wa Kijiti bila kuelezwa, atasikia majina ya watu asiowajua na mambo yaliyokatika katikati, kwa sababu waliousikia kwanza hawakuhitaji kuelezwa. Kisa walikuwa nacho. Kama vile sahani ya Leno ilivyomwacha yule msimamizi wa duka nje ya chumba, sahani ya Siti iliwaacha nje majirani waliokuwa wakitikisa vichwa. Tofauti ni kwamba huku kwetu baadhi ya mambo yaliyoachwa nje yaliokolewa kwa njia nyingine. Shaaban Robert, mshairi ambaye naye alikuwa mtumishi wa serikali, aliandika Wasifu wa Siti binti Saad, uliochapishwa mara ya kwanza mwaka 1958, miaka minane baada ya Siti kufariki tarehe 8 Julai 1950. Kitabu kile kinatupa mtu nyuma ya sauti. Naye Fatuma binti Baraka, maarufu kwa jina la Bi Kidude, aliimba nyimbo za Siti, ukiwamo ule wa Kijiti, mpaka uzeeni, na aliendelea kuwa shahidi wa zama zile mpaka alipofariki tarehe 17 Aprili 2013. Wazee wa Unguja nao waliendelea kusimulia visa vya nyimbo hizo kwa wenye kuuliza. Hivyo wimbo wa Kijiti unaeleweka leo kwa sababu ulipata walinzi watatu: sahani, kitabu, na kumbukumbu ya watu. Mlinzi mmoja peke yake asingetosha.

Je, nyimbo za huku kwetu zilipata walinzi wangapi? Mwaka 1945 maelfu ya Wapare walishuka kutoka milimani mpaka Same, makao ya wilaya, kupinga kodi iliyoitwa mbiru. Kodi ile ilipimwa kwa kukisia mali ya kila mtu, na watu waliona kwamba makisio hayo yanafungua mlango wa uonevu na upendeleo. Walipiga kambi Same wakakataa kulipa. Upinzani uliendelea kwa miaka kadhaa, wanawake nao wakaingia, na hatimaye serikali ya kikoloni ikaiacha kodi hiyo. Marehemu Profesa Isaria Kimambo aliandika habari zake katika kitabu kilichotoka mwaka 1971, na kwa kitabu hicho tukio hili limepata mlinzi mmoja imara. Lakini hakuna kampuni iliyosafirisha kipaza sauti mpaka Same mwaka ule. Makampuni yalifuata sahani zinazouzika, na wimbo wa Kipare ulikuwa na wanunuzi wachache. Nami siamini kwamba maelfu ya watu waliweza kukaa kambini siku kwa siku, jioni kwa jioni, wakimpinga mkuu wa wilaya, bila kumtungia hata wimbo mmoja wa kumcheka. Watu ambao hutaniwa kwa kupenda kesi walikuwa wamepata kesi kubwa kuliko zote za maisha yao!

Ndipo tunapoona kwamba historia ya santuri si historia ya nyimbo zote. Ni historia ya nyimbo zilizofikiwa na reli, na meli, na biashara. Ziwa Jipe liko mpakani, na wavuvi wa upande huu na wa upande wa Kenya wamekuwa wakisikilizana sauti juu ya maji kabla mpaka haujachorwa. Mizaha yao haikuchorwa katika nta. Kukosekana kwake katika kabati la sahani hakumaanishi kwamba watu hawa hawakuwa na nyimbo. Kunamaanisha tu kwamba hakuna aliyepata faida ya kuzinasa.

Taifa huru lilijaribu kuliziba pengo hili. Mwaka 1962 Mwalimu Julius Nyerere aliunda Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, na iliyokuwa Radio Tanzania Dar es Salaam ilinasa ngoma na nyimbo za makabila mengi katika kanda, ambazo leo ni amana ya Shirika la Utangazaji Tanzania. Kazi ile ilikuwa njema sana. Lakini kanda nayo ni kama sahani. Inatupa sauti na kutunyima kisa, isipokuwa pale aliyenasa alipojisumbua kuuliza.

Basi kazi iliyobaki inaweza kufanywa na shule zetu, tena bila gharama kubwa. Zamani ilibidi kuvuka bahari mpaka Bombay ili kunasa wimbo wa dakika tatu; leo simu ya mkononi ya mzazi hunasa wimbo wa nusu saa kizimbani mwa mbuzi. Kwa hiyo chombo si tatizo tena. Tatizo ni kuuliza. Mwanafunzi wa Usangi, wa Gonja au wa Same mjini anayekwenda kwa bibi yake kuomba wimbo wa mzaha, asiridhike na maneno na sauti peke yake. Na aulize: wimbo huu ulikuwa unamhusu nani? Uliimbwa wapi, arusini, shambani, ngomani au njiani? Aliyeuimba alikuwa na cheo gani kuliko aliyechekwa? Na aliyechekwa alijibu nini?

Maswali hayo yana adabu yake. Nyimbo za kejeli hutaja majina, na wajukuu wa waliotajwa wangali hai. Wengine wanakaa kijiji kile kile. Haifai kuamsha fedheha ya marehemu kwa ajili ya alama za darasani. Jina la mtu laweza kufichwa, na kisa kikahifadhiwa. Vilevile mwanafunzi asikipambe kicheko kana kwamba kila kicheko ni cha haki. Tumeona kwamba Siti alichekwa kwa umaskini wake na waliomzidi, naye akawacheka wakubwa kwa uonevu wao. Nyimbo zote mbili zilichekesha. Lakini moja ilikuwa mlango wa kumfungia mtu nje, na nyingine ilikuwa dirisha la wasioruhusiwa kupita mlangoni. Mashine hunasa zote mbili kwa uaminifu ule ule, wala haituambii ipi ni ipi. Kazi hiyo imebaki kuwa ya binadamu.

Kwa hiyo, mwalimu mwenzangu wa fasihi au wa historia atakayelipeleka darasa lake kwa wazee, namwomba ahakikishe kwamba chini ya kila wimbo utakaoandikwa daftarini kuna mistari miwili zaidi. Wa kwanza useme ni nani waliocheka wimbo ulipoimbwa. Wa pili useme ni nani hakucheka, na kwa nini.